Kaseti iliyokimbia: uchambuzi wa kisa cha rekodi moja ya bugobogobo

Mwanafunzi wa muziki katika chuo kimoja cha Mwanza analeta rasimu ya tasnifu yenye madai matatu kuhusu bugobogobo, ngoma ya majembe ya Wasukuma. Kwanza, miaka ya 1980 ngoma hii ilichezwa kwa kasi zaidi ya sasa na kuimbwa kwa sauti ya juu zaidi. Pili, wachezaji wa wakati huo walikuwa wakipandisha kasi sana kadiri mchezo ulivyokolea, na moto huo siku hizi umepoa. Tatu, midundo miwili tofauti ilipigwa kwa wakati mmoja, ustadi ambao sasa haupo tena. Ushahidi wake ni kaseti ya dakika 60 iliyoandikwa kwa kalamu "Bagalu – Kisesa 1987", pamoja na rekodi ya kidijitali aliyoifanya mwenyewe kwa kikundi hichohicho msimu wa mavuno.

Madai yote matatu yana kasoro, na kasoro haiko kwenye sikio lake. Anasikia vizuri, tena anajua kuhesabu mipigo kuliko walimu wengi. Alichoruka ni kuihoji mashine na uwanja kabla ya kuuhoji utamaduni.

Kisa hiki ni cha kufundishia. Kimeundwa kwa kuunganisha hali zinazowapata mara kwa mara watu wanaofanya kazi na kaseti za ngoma kanda ya Ziwa. Mwanafunzi, kikundi na vipimo vya kaseti hii ni vya mfano, ila mambo ya historia, ya mitambo na ya sheria ni halisi.

Kwa nini dai lilikuwa tamu

Bugobogobo imetoka shambani. Vikundi vya kulima kwa zamu vilikwenda shamba la huyu leo na la yule kesho, ngoma kubwa ikiwa mbele, na majembe yakishuka kwa pamoja kufuata mpigo. Uwanjani jembe likawa la kurushwa, kuzungushwa shingoni na kudakwa bila kuukosa mpigo. Mashindano yenyewe ni ya pande mbili, Bagika na Bagalu, wanaojinasibisha na waganga wawili wa zamani, Ngika na Gumha. Pande hizi huwa hazisubiriani zamu. Zinaanza pamoja, kila upande na duara lake kwenye uwanja mmoja, na watazamaji ndio waamuzi: wanakokimbilia ndiko kwenye ushindi. Ndiyo maana kuna dawa za kuvuta watu, kuna vituko vya nyoka na fisi, na kuna nyimbo za kumsema mpinzani hadharani. Sikukuu ya Bulabo, inayofanyika Juni kuzunguka Sikukuu ya Ekaristi, ni moja ya mahali ambapo mashindano hayo yanaonekana hadi leo. Bujora, pale Kisesa kwenye barabara ya kwenda Musoma, padre Mkanada David Clement alianzisha makumbusho ya Wasukuma na kuziingiza ngoma za wenyeji katika maisha ya parokia.

Mwanafunzi alikuwa na maelezo ya sababu tayari. Desemba 1962 Mwalimu Nyerere aliunda wizara ya utamaduni wa taifa na vijana. Baadaye kikawepo kikundi cha ngoma cha taifa, na mwaka 1981 Chuo cha Sanaa Bagamoyo. Ngoma zikahamia jukwaani, zikafupishwa hadi dakika chache, zikapangwa mistari na kutazama upande mmoja kwa sababu mgeni rasmi amekaa upande mmoja. Kwa hiyo, aliandika, jukwaa limeipoza bugobogobo.

Historia hiyo ni ya kweli, na jukwaa limebadilisha mengi. Lakini hapo ndipo penye mtego: ukiwa na historia nzuri mkononi, namba ya kwanza inayoafikiana nayo unaipokea bila kuiuliza ilikotoka. Namba zake zilikuwa hizi. Kwenye kaseti, wimbo wa bugobogobo unaanza kwa mipigo 117 kwa dakika na kuishia 134. Wazee wa leo, kwenye rekodi yake ya kidijitali, wanaanza 111 na kuishia 119. Sauti ya kaseti, katikati ya upande A, iko juu kwa takriban nusu toni moja na nusu.

Ganda la kwanza: mashine ya kuchezea

Kaseti aliihamisha kwa kile kichezeo kidogo cha kaseti, cha plastiki, chenye waya wa USB, akahifadhi kama MP3. Kichezeo cha namna hiyo kina mota ya bei rahisi na hakina pa kurekebishia kasi kwa uhakika. Kaseti, tangu Philips walipoitoa mwaka 1963, inatakiwa ipite mbele ya hedi, kile kichwa kinachosoma utepe, kwa sentimita 4.76 kwa sekunde. Mashine ikikosea kwa asilimia 6, wimbo mzima unapanda au kushuka nusu toni moja. Ikikosea kwa asilimia 2, sikio la kawaida halitambui, lakini jedwali la mipigo linatambua.

Namna ya kuipima ni rahisi. Kuna kaseti za majaribio zenye mlio mmoja wa hezi 3,150, yaani mitetemo 3,150 kwa sekunde. Unaicheza, unaurekodi mlio kwenye kompyuta, unasoma masafa kwenye programu yoyote ya uchambuzi wa sauti. Kichezeo cha mwanafunzi kilisoma hezi 3,213. Gawanya kwa 3,150 unapata 1.02, yaani kilikuwa kinakimbia kwa asilimia 2. Deki nzuri ya mezani ina skrubu ya kurekebisha kasi, mara nyingi ndani ya tundu dogo nyuma ya mota. Izungushe polepole kwa bisibisi ndogo hadi mlio usome 3,150, subiri deki ipate moto kwa robo saa, kisha pima tena, kwa sababu mota baridi na mota iliyochemka hazizunguki sawa.

Kaseti yenyewe ilihitaji kazi kabla ya kuingia kwenye deki. Unyevu wa ziwani huleta ukungu mweupe kwenye kingo za utepe. Ukungu ukionekana usiicheze, maana utahamia kwenye hedi na kuambukiza kaseti inayofuata. Utepe upigwe pamba kavu nje ya nyumba, huku fundi amefunga pua. Kipande kidogo cha sponji kinachoubana utepe dhidi ya hedi kilikuwa kimebanduka, gundi yake imekauka, na ndiyo sababu sauti kwenye MP3 ilikuwa ikizama na kuibuka. Dawa yake ni kufungua skrubu tano za kaseti tupu iliyo nzima na kuhamishia humo utepe wote. Kama kaseti ya zamani imegandishwa kwa gundi bila skrubu, inapasuliwa kwa kisu kwenye mshono, taratibu, upande usio na utepe. Hedi husafishwa kwa spiriti kali isiyo na rangi na pamba. Gurudumu la mpira lisafishwe kwa maji yenye sabuni kidogo, kwani spiriti inaukausha mpira ukapasuka. Kabla ya kucheza, utepe uzungushwe mbele hadi mwisho na kurudishwa wote, ili mikunjo iliyoshikana kwa miaka iachiane.

Baada ya hapo kuna skrubu ya pembe ya hedi, ambayo wengi hawaigusi kabisa. Redio kaseti iliyorekodi ilikuwa na hedi iliyoinama kidogo kwa namna yake, na hedi ya deki yako imeinama kwa namna nyingine. Changanya njia mbili ziwe moja, zungusha skrubu kidogo kidogo, na sikiliza njuga na makofi: mahali ambapo vinasikika vikali kabisa ndipo penyewe. Kila kaseti, kila upande, inarekebishwa upya. Dolby, mfumo wa kupunguza kelele za utepe, izimwe, kwa sababu redio kaseti za betri za aina hii hazikuwa nayo.

Faili linalofaa kutunzwa ni WAV la biti 24 na kilohezi 96. Saa moja ya njia mbili inakula zaidi kidogo ya gigabaiti 2, na kwa bei za diski za leo hakuna sababu ya kubana. Vilele visipite desibeli 6 chini ya kikomo. MP3 ni ya kusikilizia kwenye simu tu.

Baada ya kuhamishwa hivyo, namba zilishuka: 115 mwanzo, 131 mwisho. Rasimu bado ilikuwa na nguvu. Hapa ndipo wengi wangesimama na kuona wametimiza wajibu.

Ganda la pili: mashine iliyorekodi

Deki sahihi inairudisha kaseti kama ilivyorekodiwa, na haikuambii kama ilirekodiwa kwa kasi sahihi. Mwaka 1987 uwanjani hapakuwa na umeme wa kuchomeka redio. Redio kaseti ilikuwa ya mawe makubwa, yaani betri, na mawe yalikuwa adimu na ghali kiasi kwamba watu waliyaanika juani ili yapate nguvu kidogo. Jiwe lililoanikwa linaanza vizuri halafu linaanguka haraka. Mota ya redio kaseti ina kidhibiti kinachoshikilia kasi mpaka nguvu ya betri inapopungua chini ya kiwango fulani. Ikishavuka hapo, mota inazubaa na utepe unapita taratibu.

Matokeo yake yanawachanganya watu, hivyo tuyafuate pole pole. Betri ikiisha wakati wa *kucheza*, wimbo unakuwa mzito na wa chini, jambo ambalo kila aliyewahi kumiliki redio analijua. Betri ikiisha wakati wa *kurekodi*, inakuwa kinyume: tukio la sekunde moja limebanwa kwenye utepe mfupi zaidi, na utepe huo ukichezwa kwa kasi sahihi unapita kwa chini ya sekunde moja. Wimbo unakimbia na kupanda juu. Na kwa kuwa betri zinaendelea kufa kadiri upande unavyosonga, wimbo unazidi kukimbia hadi mwisho wa upande. Kwenye jedwali, hilo linafanana kabisa na wachezaji wanaopandisha mzuka.

Ili kulitenganisha na mzuka wa kweli inahitajika sauti iliyokuwepo uwanjani siku ile ambayo haibadiliki kwa uchovu, furaha, wala hali ya hewa. Ngoma haifai. Mwanafunzi aliiweka kwenye ushahidi kwamba ngoma za zamani "zilisikika juu zaidi", lakini ngozi hukazwa kwa moto wa majani kabla ya kuanza na kulegea kwa unyevu wa jioni ukitoka ziwani. Ngoma ileile inaweza kuzunguka toni nzima kati ya saa nane mchana na saa mbili usiku. Filimbi inategemea pumzi. Sauti ya manju, mtunzi na kiongozi wa nyimbo, inategemea kila kitu.

Mvumo wa umeme huwa msaada mahali pengine: mtambo uliochomekwa ukutani huacha mvumo wa hezi 50, na ukiukuta kwenye rekodi unasoma 53 unajua kosa ni asilimia 6. Kaseti hii ina mvumo hafifu kutoka kwenye spika za mshereheshaji. Lakini spika zile ziliendeshwa na jenereta, na jenereta ndogo hupanda na kushuka kila mzigo unapobadilika. Mvumo huo ulifaa kuthibitisha mwelekeo, haukufaa kupimia.

Kengele

Kilichobaki ni kengele ya chuma. Kikundi kinayo kengele ya mkono inayogongwa na kiongozi anapotaka duara ligeuke, na inasikika wazi mara kadhaa upande A. Kipande cha chuma kinachoning'inia huru hubadilika sauti kwa kiasi kidogo mno kati ya baridi ya asubuhi na joto la mchana, kidogo kuliko tunachoweza kukipima kwenye kaseti. Kwa kazi hii ni kipimo kizuri kuliko vifaa vingi vya dukani.

Swali la kwanza ni kama kengele ya leo ndiyo ya siku ile. Wazee wanasema ndiyo. Neno la wazee lina uzito, lakini hapa kuna njia ya kulipima bila kumvunjia mtu heshima. Kengele haitoi mlio mmoja. Inatoa kadhaa kwa mpigo, na uwiano kati ya milio hiyo unatokana na umbo na unene wake. Kasi ya utepe ikibadilika, milio yote inapanda pamoja, ila uwiano unabaki vilevile. Kengele ilirekodiwa upya kwa kinasa sauti cha kidijitali, imening'inizwa kwa kamba na kugongwa mahali palepale mdomoni. Milio mitatu yenye nguvu ilisoma hezi 1,500, 2,310 na 3,870, yaani uwiano wa 1 kwa 1.54 kwa 2.58. Katikati ya upande A ikasoma 1,605, 2,472 na 4,141. Gawanya: 1.54, 2.58. Kengele ni ileile, na kosa la kasi mahali hapo ni 1,605 kwa 1,500, yaani 1.07. Utepe ulikuwa unapita kwa takriban sentimita 4.45 kwa sekunde badala ya 4.76, na sauti ilipanda nusu toni moja na ziada kidogo.

Lingepatikana hata tofauti ndogo kwenye uwiano, kengele ingewekwa kando, pamoja na hesabu yote inayoitegemea.

Mwanzoni mwa upande kengele inasoma 1,545, kosa la 1.03. Mwishoni inasoma 1,635, kosa la 1.09. Sasa gawanya mipigo. Mwanzo wa 115 unakuwa 112. Mwisho wa 131 unakuwa 120. Wazee wa leo, kumbuka, wanaanza 111 na kuishia 119.

Dai la kwanza limeanguka. Dai la pili limebaki nusu, na nusu hiyo ni ya thamani: wachezaji wa siku ile walipandisha kasi kweli, kwa mipigo 8, na wa leo wanapandisha vilevile. Mipigo 8 mingine iliyoonekana kwenye kaseti ilikuwa ya mawe yaliyoanikwa juani.

Kitu kimoja ambacho kosa la kasi halikukigusa ni hatua za sauti. Mwanafunzi alipima umbali kati ya sauti na sauti kwa senti, kipimo alichokileta Alexander Ellis mwaka 1885, ambapo nusu toni ni senti 100. Umbali huo ni uwiano, na uwiano unabaki utepe ukimbie au uzubae, ilimradi kasi isibadilike ndani ya sentensi moja ya wimbo. Kwa hiyo sura yake ya mizani ya sauti inasimama kama ilivyo, na ni sura nzuri. Ajihadhari tu na zile alama za muziki wa Kizungu alizoziweka juu yake, kwa sababu zinamlazimisha kuchagua kati ya funguo mbili ambazo mwimbaji hakuwa na habari nazo.

Wala tatizo si jipya. Phonogramm-Archiv ya Berlin, hifadhi ya rekodi za sauti iliyoanza 1900, iliwataka warekodi wake wapulize filimbi ya kipimo mwanzoni mwa kila silinda ya nta, ili anayesikiliza baadaye ajue kasi ya asili. Kwa silinda za namna hiyo Erich von Hornbostel alichapisha uchambuzi wa nyimbo za Wanyamwezi mwaka 1909. Hugh Tracey, aliyepita Tanganyika akirekodi mwaka 1950, alibeba uma za sauti 54, vyuma vinavyotoa mlio mmoja uleule vikigongwa, kuanzia mitetemo 212 kwa sekunde hadi 424 zikipandana kwa 4, na kupima vyombo palepale mbele ya mwenye chombo badala ya kuuamini utepe. Kaseti ndiyo iliyotuzoesha uvivu huo, kwa kuwa ilikuwa rahisi: bonyeza vitufe viwili, basi. Anayerekodi leo, hata kwa simu, agonge uma wa sauti au acheze mlio wa hezi 440 sekunde kumi mwanzoni na mwishoni, na ataje kwa mdomo tarehe, kijiji, na majina ya waliokubali kutajwa.

Midundo miwili

Hili la tatu lilihitaji kuujua uwanja. Aliyerekodi alisimama kati ya maduara mawili, pengine kwa sababu ndipo penye nafasi. Redio kaseti yenye maiki yake ya ndani inameza kila kitu. Mdundo wa pili ambao mwanafunzi aliuandika kwa uangalifu mkubwa, mstari kwa mstari, ni wa Bagika.

Kuna njia tatu za kulithibitisha, na zilikubaliana. Midundo inayopigwa na kundi moja, hata iwe mitatu juu ya miwili, inashikana: mmoja ukiongeza kasi na mwingine unaongeza, na uwiano unabaki. Hapa, baada ya kusahihisha kwa kengele, mmoja uko 119 na mwingine 113. Tofauti ni mipigo 6 kwa dakika, kwa hiyo inakutana kila sekunde 10, kisha inaachana, kisha inakutana. Mwanafunzi aliiita "mzunguko wa sekunde tisa na ushei", na aliusikia sawasawa, kwa kuwa kwenye kaseti inayokimbia sekunde 10 huwa tisa na ushei. Njia ya pili ni rangi ya sauti: mdundo wa pili umekosa ukali wa juu, njuga zake hazisikiki, kama inavyokuwa kwa sauti iliyovuka umati wa watu. Ya tatu ndiyo iliyomaliza ubishi. Mahali fulani Bagalu wananyamaza kumwachia manju aongee, na mdundo wa pili unaendelea bila habari naye. Muda mfupi baadaye unasikia watu wakikimbia.

Sio kwamba Wasukuma hawana midundo inayopishana ndani ya kundi moja. Wanayo, na mtu anayeitafuta aende kwenye rekodi ambapo maiki iko ndani ya duara, ngoma kubwa upande mmoja na ndogo upande wa pili. Kaseti hii inafaa kwa swali lingine ambalo hakuna aliyeliuliza: pande mbili zinapopigana vita ya kuvuta watu, je, kila mmoja hukimbia ili ampite mwenzake, au hukwepana makusudi? Hapo kosa la aliyerekodi, kusimama katikati, linageuka kuwa bahati.

Mwaka ulioandikwa

Karatasi ya kaseti inasema 1987. Upande B kuna wimbo wa kuomboleza wenye jina la MV Bukoba. Meli hiyo ilizama Mei 21, 1996, karibu na Mwanza, na mamia ya watu walikufa. Upande B, basi, haukurekodiwa 1987.

Je, upande A? Kaseti ina vijimeno viwili vya plastiki mgongoni, kimoja kwa kila upande, na kikivunjwa mashine haikubali kurekodi juu yake. Kimeno cha upande A kimevunjwa. Cha upande B kipo. Hali hiyo inaafikiana na mtu aliyeulinda upande A na kuutumia tena upande B. Lakini kimeno kinaweza kuvunjwa siku yoyote, hivyo ni dalili tu. Kwenye wimbo wa pili wa upande A manju anamsifu Mzee Ruksa, jina la utani la Rais Ali Hassan Mwinyi, aliyeapishwa Novemba 1985. Tarehe ya chini tunayo. Ya juu hatuna. Kwenye orodha inaandikwa: "Upande A: baada ya Novemba 1985, karatasi inasema 1987, haipingwi na yaliyomo. Upande B: baada ya Mei 1996." Kuandika "1987" peke yake kwa kaseti nzima ni kumdanganya msomaji wa mwaka 2050.

Vijana

Rekodi ya mwanafunzi ilikuwa na wimbo mmoja alioutupa nje ya jedwali. Vijana wa kikundi waliuimba kwa mipigo kati ya 127 na 129, juu ya sauti ya wazee kwa nusu toni moja hivi. Aliandika pembeni kwamba vijana hawa "wamehifadhi kasi ya zamani", jambo lililomshangaza, kwani wazee wenyewe walikuwa wakilalamika kwamba wanakimbiza.

Walikuwa wakikimbiza kweli. Wimbo huo ndio wa katikati ya upande A, na kwenye kaseti isiyosahihishwa unasoma 128. Nakala yake ilikuwa kwenye kadi ya memori ndani ya spika ya kuchaji, na vijana walijifunzia humo. Walipoulizwa walisema hivyo bila kuficha, na walijivunia kuufuata "kama wazee walivyouimba". Mzee mmoja aliyekuwepo uwanjani siku ya kurekodi alisema hakuna aliyewahi kuimba juu hivyo, koo lingekatika.

Hapa ndipo penye tasnifu. Kosa la betri limeingia kooni mwa watu, na sasa ni sehemu ya namna kikundi kinavyoimba. Ukisahihisha faili na kuwapa vijana, unawapokonya kitu ambacho wameshakifanya chao. Usiposahihisha, unamwacha mzee akibishana na spika. Kikundi kilipewa mafaili mawili kwenye kadi, moja limeandikwa "kama kaseti ilivyo" na lingine "kasi imesahihishwa kwa kengele", na WAV ya asili ikabaki bila kuguswa, nakala tatu mahali tofauti. Usahihishaji ulifanywa kwenye nakala, kipande kwa kipande cha sekunde 30, kwa kufuata mkondo unaopita kwenye vipimo vya kengele.

Ruhusa zina safari yake: kibali cha utafiti cha COSTECH (Tume ya Sayansi na Teknolojia), barua za mkoa na wilaya, kisha mtendaji wa kata na wa kijiji. Jambo linalosahaulika ni manju. Wimbo wake una mtunzi anayejulikana, na kwa Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya 1999 haki yake inadumu maisha yake na miaka 50 baada ya kifo, mikononi mwa warithi. Kuuandika "wimbo wa asili, mtunzi hajulikani" kwa sababu umeimbwa kwa Kisukuma ni kumnyang'anya. Nyimbo za upande A zinamtaja mpinzani wa Bagika kwa jina na kwa maneno makali. Kikundi kiliomba mbili zisisambazwe wakati watoto wake bado wanashindana, na kwenye orodha zimewekwa alama ya kusikilizwa kwa idhini tu.

Mwanafunzi amebakiwa na mizani ya sauti, kupanda kwa mipigo 8 kulikothibitishwa, tarehe mbili badala ya moja, na wimbo wa vijana. Jukwaa na Bagamoyo vimetoka kwenye sura ya hitimisho. Kaseti moja ya siku moja haiwezi kusema lolote kuhusu bugobogobo yote ya Usukuma, iwe imepoa au haijapoa. Kazi inayofuata ni kuzitafuta kaseti nyingine za kikundi hicho ambazo kengele ileile inasikika, na zipo, kwa kuwa kila aliyekuwa na redio siku ile alirekodi.